Damu Moja, Kidonge Kimoja

Asubuhi Deyanira Arbeláez aliposhindwa kutamka jina la mji wake mwenyewe redioni, dada yake mkubwa, Rubiela, alikuwa ameketi kwenye kibanda cha matangazo cha stendi ya mabasi ya Manizales, kikombe cha kahawa mkononi. Alicheka mpaka kahawa ikammwagikia magotini. Ilikuwa ya moto, ikamuunguza, naye akaendelea kucheka.

"Mani... Maniza..." ilisema redio ndogo iliyokuwa mezani. Kisha kimya. Kisha wimbo ukawekwa haraka haraka wa kufunika aibu.

"Ala! Mdogo wako leo kaamkia chupa," alisema Ovidio, mkata tiketi wa dirisha la jirani.

"Nyamaza wewe," alisema Rubiela, akiongeza sauti. "Niache nisikie vizuri."

Kulikuwa na zamani ambapo sauti ya alfajiri katika mji ule ilikuwa yake yeye. Kipindi kilikuwa chake, salamu ilikuwa yake, ya kuutania mlima wa volkano ulio juu ya mji. "Amkeni wapenzi wangu, mlima bado haujatulipukia!" Wachuma kahawa walivaa viatu vyao vya mpira wakimsikiliza, na wenye teksi walimpigia honi mtaani. Deyanira kazi yake pale redioni ilikuwa kupokea simu za wasikilizaji na kuchemsha kahawa.

Halafu baba yao akafa. Rubiela akakosa usingizi, usiku baada ya usiku, mpaka siku moja akiwa hewani akamsikia marehemu akiongea ndani ya visikilizio vyake, akamjibu. Mji mzima ulisikia. Walimpeleka kwa Daktari Llano, mzee mwenye jina kubwa, naye akampa haloperidoli, dawa ambayo wagonjwa wake wengi waliinywa na kurudi makazini.

Ilimtulizia sauti ya baba, hilo halikukanika. Lakini ilimfunga na mengine yote. Taya lilikaza kama mlango uliovimba kwa mvua. Ulimi ukawa mzito, mate yakamchuruzika kidevuni. Miguu ilikataa kutulia. Akiketi anataka kusimama, akisimama anataka kukimbia, na hajui anakimbilia wapi. Aliporudi kwa daktari alitaka kusema neno moja tu, kwamba dawa hii inaniua, na hata hilo likamshinda. Daktari akamgeukia Deyanira aliyemsindikiza.

"Daktari, sikufichi," Deyanira alisema, amekunja mikono mapajani kama yuko kanisani. "Anachanganya vidonge na aguardiente. Na huko kutetemeka usikuamini sana. Dada yangu huyu tangu utotoni anajua kuigiza."

Rubiela hakuwa akinywa pombe. Hata kwenye matanga ya baba yake hakuonja. Alimtazama mdogo wake, akafungua mdomo, na kilichotoka kilikuwa mate.

Daktari akaongeza dozi na kumlaza wodini ili azuiwe vileo. Siku alipotoka, pembe ya kushoto ya mdomo wake ilikuwa inarukaruka yenyewe, na haijaacha mpaka leo. Alifika nyumbani kwa mama yake alfajiri, akafungua redio, akasikia: "Amkeni wapenzi wangu, mlima bado haujatulipukia!" Sauti ilikuwa ya Deyanira. Alikuwa amekalia kiti cha dada yake, na salamu ameichukua na kiti.

Rubiela hakupiga kelele. Alikula arepa yake yote, ule mkate wa mahindi wa kila asubuhi, akaosha sahani, akaenda kutafuta kazi. Stendi walimchukua kwa sababu matangazo ya pale ni mafupi. Abiria wa Pereira, mlango namba tatu. Abiria wa Pereira, wa mwisho. Mdomo wake uliweza kubeba kiasi hicho.

Miaka ikapita, na ugonjwa ukamrudia mara mbili, na kila mara alikataa dawa kwa hofu, akaishia pabaya zaidi. Ndipo alipokutana na Daktari Quintana, mwanamke kijana wa hospitali ya serikali, ambaye alimsikiliza mpaka mwisho bila kutazama saa. Akampangusa ndani ya shavu kwa kijiti cha pamba, akapeleka mate yale maabara kupimwa vinasaba.

Majibu yaliporudi alimketisha. "Rubiela, ndani ya ini kuna kimeng'enya kinachovunja kundi la dawa kama ile uliyopewa. Watu wengi wanacho cha kutosha. Wewe umezaliwa nacho hafifu mno, karibu huna. Mwingine akimeza kidonge leo, kesho kimepungua. Kwako wewe cha leo kinakikuta cha jana kimekaa, na cha juzi bado kimo. Ulikuwa unapewa dozi ya mtu mmoja na mwili wako unabeba ya watu wanne."

"Rudia," alisema Rubiela.

Daktari akarudia.

"Kwa hiyo sikuwa naigiza."

"Nani alisema ulikuwa unaigiza?"

Rubiela alikuwa na ladha mdomoni, tamu na chungu kwa pamoja, na alitaka kukaa nayo kidogo.

"Usinielewe vibaya," daktari aliendelea. "Kipimo hiki si mganga. Hakiniambii dawa ipi itakuponya. Kinaniambia ipi nisikupe, au nikupe kidogo sana. Tutajaribu nyingine inayopita njia tofauti mwilini. Na jambo moja zaidi: haya ni ya kurithi. Una ndugu? Si lazima awe kama wewe, ila anaweza kuwa. Mwambie apime kabla hajapewa dawa za namna hii."

"Sina ndugu," alisema Rubiela.

Dawa mpya ilimkubali. Alilala, akanenepa kidogo, akarudi kusikiliza redio bila kuogopa atakachosikia. Na kila alfajiri alimsikiliza Deyanira. Hakukosa hata siku moja. Alikuwa akingoja, ingawa mwenyewe hakujua anangoja nini.

Kilipokuja kilianza kwa simu ya mama yao, Bi Berenice.

"Mwanangu, mdogo wako halali. Anasema wasikilizaji wanamsema ndani ya redio hata ikiwa imezimwa. Mumewe kampeleka kliniki ya kulipia, kapewa dawa, na sasa ndiyo kabisa. Njoo umwone."

"Nina zamu, mama."

"Rubiela!"

"Nitakuja."

Alikwenda nyumbani kwa mdogo wake. Deyanira alifunguliwa mlango wa sebule na mumewe, Gildardo, akaingia akivuta miguu. Rubiela alimtazama mara moja akajua. Lile taya alilijua kwa undani kuliko alivyoijua sala. Mguu wa kulia wa Deyanira ulikuwa unapigapiga sakafu, unapigapiga, naye analishika goti kwa mikono miwili kama anamzuia mnyama.

"Da-da," alisema Deyanira. Uzi wa mate ukashuka mpaka kwenye kola ya blauzi.

"Wanakupa nini?" Rubiela aliuliza, japo sanduku lilikuwa pale juu ya kabati, na jina lilikuwa lilelile.

Gildardo alimvuta jikoni. Alikuwa mwanamume mpole, muuza vipuri vya magari, na macho yalikuwa mekundu. "Shemeji, daktari alimuuliza Deyanira kama kuna mtu kwenye ukoo ambaye dawa hizi zilimdhuru. Akasema hakuna. Mimi nikakumbuka yako, nikamwambia, na Rubiela je? Akasema wewe ulikuwa unaigiza tu. Sasa daktari anashangaa mbona dozi ya kawaida inamfanya hivi. Anauliza kuna kitu gani kingine. Wewe umepitia. Unadhani ni nini?"

Hapo ndipo Rubiela angesema. Maneno yote alikuwa nayo: vinasaba, ini, mate kwenye pamba, jina la Daktari Quintana na siku zake za kliniki. Kutoka jikoni aliweza kumwona mdogo wake kupitia mlango, akijaribu kufuta kidevu na kukikosa. Akahesabu moyoni yale aliyonyang'anywa, moja baada ya jingine, na kila alipofika mwisho alianza upya.

"Shemeji, sikufichi," alisema, na alikunja mikono. "Anachanganya na aguardiente. Tangu zamani. Nyumbani tulikuwa tunamfichia."

Gildardo akaketi kwenye kigoda. "Mungu wangu."

"Mwambie daktari. Ni vizuri ajue."

Aliteremka ule mtaa wa mteremko mkali akiwa mwepesi kama msichana. Akanunua maandazi ya jibini kwa mchuuzi wa kona, akala njiani, akalamba vidole.

Daktari wa kliniki aliamini alichoambiwa, na akaongeza dozi. Siku zilizofuata zilikuwa tamu kwa Rubiela. Redioni Deyanira aliburuza maneno kama anaburuza gunia. Wasikilizaji wakaanza kupiga simu. "Mpeni maji huyo!" alisema mmoja hewani. "Bibie, ukilewa lala," alisema mwingine. Stendi nzima ilikuwa inacheka, na Ovidio alikuwa akimwigiza Deyanira kwa kutoa ulimi, Rubiela akimwambia, "Hapana, taya liende kushoto kidogo. Hivyo. Hapo umempata."

Ndipo meneja akamwondoa Deyanira hewani, na wiki hiyohiyo shingo yake ikajifunga. Ilitokea mezani kwa mama yao, mchana, wakinywa supu. Kichwa kilivutwa nyuma, macho yakageukia dari, na koo likakataa kumeza. Rubiela alikuwepo. Hilo halikumpata yeye wakati wake. Lilikuwa baya kuliko lake. Gildardo alimbeba mkewe mpaka kwenye teksi, na Bi Berenice akabaki mlangoni na kijiko mkononi, akilia kwa sauti ambayo binti yake hakuwahi kuisikia hata kwenye mazishi ya baba.

Hospitali walimchoma sindano, shingo ikalegea. Wakamwambia arudi kwa daktari wake. Daktari wake, akiamini habari ya pombe, alipunguza dozi kidogo na kumwonya mumewe pembeni.

Kesho yake Bi Berenice alikuja mpaka kwenye kibanda cha stendi, mwanamke ambaye magoti yake hayakumruhusu hata kwenda sokoni.

"Wewe unanyweshwa nini siku hizi?" aliuliza. "Umepona. Nakuona umepona. Kuna kitu unakijua."

"Ninakijua."

"Na unamtazama mwenzako anavyokufa?"

"Yeye alinitazama, mama. Na wewe ulikuwepo. Uliniambia nimwombe Mungu anisaidie kuacha pombe."

Mama yake alishika ukingo wa dirisha. Rubiela akatangaza basi la mji wa jirani wa Armenia, akazima kipaza sauti, akamgeukia.

"Nitamponya. Lakini kwanza aende redioni aseme. Kwenye kipindi changu, saa yangu, mji wote ukiwa macho. Aseme alidanganya."

"Hawezi hata kuongea, mwanangu!"

"Ndivyo ninavyotaka."

Meneja wa redio hakupinga. Alidhani Deyanira anakuja kuaga. Alfajiri ile walimketisha kwenye kiti, Gildardo amesimama nyuma yake, Rubiela mbele, ng'ambo ya meza, mahali pa wageni. Taa nyekundu ikawaka.

Ilimchukua muda mrefu. Kila neno alilitafuta, akalipata, likamtoka, akaanza kulitafuta jingine. "Naitwa... Deyanira. Miaka ile... dada yangu alipougua... nilimwambia daktari... anakunywa. Hakuwa... anakunywa. Nilisema... anaigiza. Hakuwa... anaigiza. Nilitaka... kiti hiki." Akapangusa mdomo kwa kiganja. "Sasa... nina ugonjwa... wake. Kila mnachosikia... ndicho alichokuwa nacho. Mimi... nilikijua... nikakaa kimya."

Rubiela aliinywa kila sentensi. Kwa mara ya kwanza tangu wodini, alikuwa anajisikia mzima mwili wote.

Kisha simu zikaanza kulia.

"Deyanira, mama, pole sana," alisema wa kwanza, mwanamke aliyekuwa analia. "Umetufundisha ujasiri." Wa pili alisema atamwombea misa. Wa tatu, dereva wa lori, alisema wale waliomwita mlevi wapige magoti. Wa nne alisema sauti yake ni zawadi ya mji, apone arudi. Simu hazikukoma. Pole, pole, pole. Rubiela alikaa pale mgeni kwenye kiti cha wageni, na utamu ukaanza kumchachia mdomoni. Hakuna aliyemtaja. Walikuwa wanampa Deyanira zile pole ambazo yeye hakupewa hata moja.

Hatimaye ikaja simu ya bibi mmoja mwenye sauti kavu. "Mimi nauliza tu. Na huyo dada mtu, kakusamehe?"

Deyanira akainua macho. Gildardo pia. Meneja nyuma ya kioo alimwashiria Rubiela kwa kichwa aseme neno jema, neno lolote jema.

Rubiela akavuta kipaza sauti.

"Hapana," alisema.

Simu zikakatika. Wimbo ukawekwa.

Kwa siku nyingi baadaye watu walimnyooshea kidole stendi. Mwanamke mmoja alikataa kupanda basi alilolitangaza yeye. Ovidio aliacha kumsalimu. Rubiela hakujali sana. Ahadi ilikuwa ahadi, na mchana wa siku ileile ya redio alimpeleka mdogo wake kwa Daktari Quintana, akaeleza yote ya ini na vinasaba, na Deyanira akapanguswa shavu kwa kijiti cha pamba. Bila kungoja majibu, daktari alianza kumpunguzia dawa ya zamani hatua kwa hatua.

Majibu yalipokuja walikwenda wote wawili. Daktari alitazama kompyuta yake, kisha akawatazama wao, na akatabasamu kwa huzuni. "Ni sawasawa na ya dada yako. Mmegawiwa kitu kilekile. Tutakubadilishia, na utapata nafuu, kwa sababu umewahi. Mdomo nadhani utarudi." Akaendelea kusoma. Uso ukabadilika. "Lakini hapa faili la kliniki linasema unachanganya dawa na aguardiente. Deyanira, hili lazima tulizungumze."

Deyanira alishtuka. "Mimi? Mimi sinywi, daktari. Nani kasema hivyo?"

Daktari alishuka na mistari. "Mume wako ndiye aliyewaambia. Anasema aliambiwa na mtu wa familia."

Chumba kilikuwa kidogo na viti viligusana. Rubiela angeweza kunyamaza. Mtu wa familia ni watu wengi.

"Ni mimi," alisema, akimtazama mdogo wake usoni, na pembe ya mdomo wake ikiruka. "Nilimwambia Gildardo. Jikoni kwako, siku ile ya kwanza. Nilijua ni dawa. Nilijua tangu mlangoni."

Daktari Quintana aliweka kalamu chini. Aliacha kumtazama Rubiela kama alivyokuwa akimtazama siku zote, na hilo Rubiela aliliona, likamchoma kuliko zile kelele zote za stendi.

Mguu wa Deyanira ulipiga sakafu kidogo, ukatulia, ukapiga tena.

"Ulifurahi?" aliuliza mwishowe.

"Sana."

"Mimi sikufurahi, dada. Ile yangu. Nilikuwa naogopa tu watakurudishia kiti."

"Bora ungefurahi," alisema Rubiela. "Ningekuelewa."

Deyanira akacheka, cheko fupi lililopinda kwa ajili ya taya. Kisha akafunika uso. Hakuna aliyemshika bega. Daktari aliandika dawa mpya, akamweleza namna ya kuinywa, akasema warudi mwezi ujao, na kama wakipenda, kila mtu kwa wakati wake.

Nje kulikuwa na mvua nyembamba, na mtaa wa hospitali unateremka kama ngazi isiyo na vidato. Deyanira alisimama kwenye ukingo wa lami, miguu haijawa yake bado, akautazama ule mteremko unaong'aa kwa maji. Hakuomba. Rubiela alikwisha tangulia hatua chache. Akasimama, akatukana kwa sauti ya chini, akarudi. Akamshika mkono juu ya kiwiko, kwa nguvu kuliko ilivyohitajika.

"Unaniumiza," alisema Deyanira.

"Najua. Tembea."

Wakateremka hivyo mpaka kwenye teksi, wala hakumlegezea.